Mama Mkubwa Aliniambia "Ile ya Kulia Toa": Safari ya Filamu Yetu Kutoka Magomeni Kota Hadi Rutamba

Najua mmezoea kunisoma nikiwaletea ya mastaa, nani kaonekana na nani na nani kamblock nani. Leo staa yumo ndani, tena si mdogo, ila simtaji. Majina yote ya leo nimeyaweka kapuni, la kwake na ya watu wangu, na mkifika mwisho mtaelewa kwa nini. Wale wataalamu wa kukisia jipumzisheni tu, hampati kitu.

Mwenzenu nawaandikia nikiwa Rutamba. Kwa msiopajua, ni mkoani Lindi. Ukitoka Lindi mjini unaiacha bahari nyuma, unaingia bara kwenye mikorosho na mashamba ya ufuta, mpaka unafika kwetu kwenye ziwa letu. Ndiko nilikozaliwa. Mtandao hapa unakamata kwa kudra, kwa hiyo mkiona nimerukaruka mnisamehe.

Nimekuja na vitu vinne: projekta ya kuazima, spika moja, shuka jeupe la sita kwa sita, na fleshi yenye filamu ya dakika 41. Filamu inahusu Magomeni Kota, na ndani yake yumo mama yangu mkubwa. Kuileta Rutamba kumenitoa jasho kuliko kuitengeneza.

Ngoja nianze mwanzo.

Nilipelekwa Dar nikiwa na miaka minane kulelewa na mama mkubwa. Yeye ndiye wa kwanza kwenye ukoo wetu kwenda mjini. Mumewe alikuwa mtumishi, wakapata nyumba ya kupanga Magomeni Kota, zile nyumba za chini zilizopangana mistari, za tangu enzi za mkoloni. Mume akafariki, yeye akabaki na nyumba na kodi yake. Vyumba viwili na uani. Basi kwa watu wa Rutamba ule ndio ulikuwa ubalozi wetu. Mgonjwa wa Muhimbili anafikia Kota. Kijana anayekwenda kubangaiza Kariakoo anafikia Kota. Bibi harusi anayekuja kununua vyombo anafikia Kota. Kuna usiku nakumbuka tulilala watu kumi na mmoja, na asubuhi kila mmoja akapata chai. Mihogo ilikuwa inatoka huku kwenye magunia, na msimu wa ming'oko ukifika nyumba nzima inanukia nyumbani. Nikirudi Rutamba likizo, watoto wenzangu walikuwa wananiita "wa Kota", kwa wivu kidogo.

Ilipofika 2011 maneno yakaanza. Tupishe, zinajengwa nyumba za kisasa. Walioguswa walikuwa kaya 644, na hiyo namba nitaitaja tena, ishikeni. Wengi walikuwa wapangaji kama mama mkubwa. Na hapo ndipo penye ugumu wa mambo haya ya kupisha maendeleo. Mwenye hati akivunjiwa ana karatasi ya kuanzia kudai. Mpangaji aliyekaa miaka thelathini, akazika mume hapo na kuozesha watoto hapo, mkononi ana risiti za kodi tu. Zile kaya zikatawanyika. Wengine Kigogo, wengine Mbagala, wengine Chanika huko. Tingatinga likapita, pakabaki uwanja wa majani katikati ya mji. Pakakaa hivyo miaka. Mwendokasi ulipoanza 2016, mabasi yalikuwa yanapita Magomeni pale pale yamejaa watu, na kiwanja chetu kimelala tu.

Mama mkubwa alihamia Mbagala, chumba kimoja, choo cha wapangaji sita. Sasa sikilizeni hii. Hakuwaambia Rutamba. Hata kidogo! Mtu akipiga simu, "Mama mkubwa uko wapi?" anajibu, "Nipo nyumbani." Na hajadanganya, si yupo nyumbani kwa mwenye nyumba wake? Kila Ramadhani alikuwa anapakia sukari na tambi kwenye basi la Lindi kama zamani, hata mwaka ambao mimi najua alikopa hiyo sukari dukani kwa Mpemba. Mgeni akisema anataka kuja, anatoa udhuru. Nyumba inapakwa rangi. Wageni wamejaa. Ajabu ni kwamba baada ya muda wageni wenyewe wakapungua, wala hakuna aliyeuliza tena. Mimi nikadhani wamechoka na nyudhuru. Yeye akadhani uongo wake umefanya kazi.

Nikimuuliza kwa nini hasemi, alikuwa na jibu moja. "Nyumba ni stara, mwanangu. Nikisema sina nyumba nimejivua."

Wakati huo mimi nilikuwa kwenye seti za Bongo movie. Msinione hivi, nimeshika maiki sana, nimebeba sana taa, baadaye nikajifunza kuhariri kwenye laptopu ya mtu. Tulikuwa vijana sita waliokulia Kota, wote tunajuajua mambo ya video, harusi na kitchen party ndo zilikuwa zinatulisha. Wazee wa Kota walikuwa hawajaacha kukutana. Wametawanywa, lakini siku ya kikao wanatoka Chanika kwa daladala tatu wanakuja. Siku moja mzee mmoja akatuambia, "Nyie si ndio mnajua video? Njooni mrekodi haya maneno, kesho mtu asije akayaruka."

Filamu yetu ilianza hivyo wadau. Hatukuwa na wazo la filamu. Tulikuwa makatibu wa kikao, ila badala ya daftari tuna kamera.

Ila tukanogewa. Kikao kikiisha tunabaki na mzee mmoja mmoja. Kuna mzee alichukua mkaa akachora Kota nzima kwenye sakafu, mstari kwa mstari, huyu alikaa hapa, huyu hapa, bomba hili, msikiti ule, hapa alikuwa anakaa fundi saa. Wenzake wakamzunguka wanamsahihisha: "Aa, huyo alikuwa mlango wa nne, siyo wa tatu." Saa nzima na nusu. Hatukuuliza swali hata moja.

Wazee wakatuwekea masharti matatu. La kwanza, hapigwi picha mtu ambaye hajaambiwa picha inakwenda wapi. La pili, kila aliyerekodiwa anaona kipande chake kabla mtu mwingine hajakiona. La tatu, akisema kitoe, kinatolewa, bila mjadala. Tukakubali haraka haraka. Tulikuwa hatujui sharti la tatu lina bei gani.

Miaka mingi baadaye ndo nikasoma kwamba tulikuwa tunafuata njia ya watu bila kujua. Kuna kisiwa Canada kinaitwa Fogo, cha wavuvi. Miaka ya 1960 serikali ya jimbo lao ilikuwa na mpango wa kuhamisha watu wa vijiji vidogo wakakae kwenye miji mikubwa. Mwaka 1967 watengeneza filamu wa bodi ya filamu ya nchi yao wakaenda pale, muongozaji akiwa Colin Low. Wakatengeneza vifilamu 27, na wenyeji ndio waliokuwa wanaviona kwanza na kuvikubali. Kijiji kimoja kinaonyeshwa kijiji kingine kinasema nini, mpaka watu wakagundua shida yao ni moja. Walianzisha ushirika wao wa uvuvi na hawakuhama. Sisemi filamu ndiyo iliyowaokoa. Nasema waliiona wao kwanza kabla ya wakubwa.

Turudi Magomeni. Mwaka 2016 Rais Magufuli alifika pale Kota akaahidi kwamba nyumba zitajengwa, na wale wa kaya 644 watarudi na kukaa miaka mitano bila kulipa kodi. Wazee walilia, walicheka, wengine hawakuamini. Sisi tunarekodi tu.

Basi siku moja, mwaka uliofuata, nikamchukua mama mkubwa twende pale uwanjani nimrekodi akituonyesha mlango wake ulikuwa wapi. Alivaa vizuri, kitenge kipya, khanga ya kichwani kaifunga barabara. Tumeshuka kituoni anaongea kwa kujiamini. "Unaanzia bombani, unahesabu milango mitano, unaona mwarobaini, wa pili yake ndio mimi." Tukaingia kwenye majani. Bomba hakuna. Mwarobaini umeshakatwa. Akageuka kushoto, akarudi, akageuka kulia. Akahesabu hatua, akapoteza hesabu, akaanza upya. Akazunguka pale kama mtoto kapotezwa sokoni. Mwisho akasimama akasema, kwa sauti ndogo kabisa, "Nimepotea kwangu." Akakaa chini kwenye majani, khanga ikamdondoka kichwani, akalia. Mama mkubwa ambaye sikuwahi kumwona akilia hata kwenye msiba wa mumewe.

Mimi nilikuwa nimeshika kamera. Sikuishusha. Nisiwadanganye wadau, moyoni nilisema, "Hii ndiyo filamu." Ni dakika mbili na ushee. Baada ya hapo ndipo nikaweka kamera chini nikaenda kumwokotea khanga.

Alipokuja kuangalia kipande chake, kwa sharti la pili, aliangalia mpaka mwisho bila kusema neno. Kisha akasema, "Mengine yote sawa. Ile ya kulia toa." Nikajitia kuuliza kwa nini. Akaniangalia. "Mtu mzima nimepotea kwangu, kichwa wazi, halafu wakwe zangu waone? Rutamba waone?" Nikamwambia sawa.

Nikasema sawa, ila sikufuta.

Sasa anaingia steringi wetu. Ilikuwa nyumba mpya zinakaribia kuisha, maghorofa yamesimama, watu wameanza kuziongelea. Huyu bwana mnamjua, mmemwona kwenye mabango, mmemlilia kwenye movie. Alisikia habari za filamu yetu kwa mtu wa seti, akaja. Kiukweli alikuja na moyo. Kuna mzee wetu alikuwa anaumwa miguu, yeye ndiye aliyetoa hela ya matibabu na hajawahi kuposti. Alileta mashine nzuri ya kuhariri, akasema sauti ya msimulizi ataweka yeye, jina lake likikaa juu milango itafunguka, tutaonekana mpaka Ulaya. Sisi vijana sita tulitoka pale tunaelea.

Siku ya kuangalia vipande vyote, mjinga mimi, nikamwachia laptopu. Akaangalia. Alipofika pale uwanjani akavua miwani. Akarudia mara tatu. Akasema, "Hapa ndipo filamu inapoanzia."

Nikamweleza sharti. Akasikiliza, hakunikatiza. Halafu akaniambia maneno ambayo mpaka leo siwezi kusema hayana ukweli. "Dunia haitakaa kumsikiliza bibi akieleza mambo ya upangaji na risiti. Dunia itamwangalia bibi akilia, halafu baada ya hapo ndiyo itauliza risiti. Ukitoa hii umetoa mlango." Jamani, mimi nimekaa kwenye hii kazi. Najua klipu gani inasambaa na ipi inalala. Usiku ule nilihariri filamu mbili, moja ina machozi na moja haina. Yenye machozi ilikuwa nzuri zaidi. Nasema mbele yenu.

Nikaenda Mbagala kumbembeleza. Nikamwambia watu watakuonea huruma mama, watawajali wote wa Kota. Alikuwa anachambua mchele. Hakuinua kichwa. Akasema, "Ukinivua nguo barabarani watu wangenionea huruma pia. Ungenivua?"

Nikarudi nikamwambia steringi hapana. Hatukugombana. Alisema tu kwamba yeye hawezi kuweka jina kwenye filamu iliyokatwa moyo, akachukua mashine yake na sauti yake, akaondoka. Wenzangu wawili hawakuongea na mimi miezi kadhaa, na sikuwalaumu. Sauti ya msimulizi tukaitoa, tukaacha wazee wasimulie wenyewe kwa zamu. Ndo maana filamu yetu haina jina la mtu juu. Ilipita vibanda umiza viwili vya Mbagala, katikati ya mechi mbili, na watu walikaa. Ulaya haijafika.

Tarehe 23 Machi 2022 Rais Samia alizindua zile nyumba. Aliyeahidi alikuwa amefariki mwaka mmoja kabla. Nyumba 644, kwa kaya 644. Ukisikia namba imekaa sawa hivyo unaweza kudhani hakuna kilichopungua, lakini miaka kumi si mchezo kwa mtu mzima. Kuna milango iliyofunguliwa na watoto kwa sababu wazazi hawakuufikia ufunguo. Mama mkubwa wetu aliufikia. Kipande cha mwisho cha filamu ni yeye kwenye nyumba mpya, anazunguka na kinu chake mkononi anatafuta pa kukiweka. Jikoni hakitoshi. Kwenye baraza ndogo akitwanga, jirani wa chini atamlalamikia. Mwisho amekifanya stuli, anakalia.

Na ndipo mwaka huu akaniambia, "Nenda kawaonyeshe Rutamba. Sasa nina nyumba, naweza kusema kwamba sikuwa nayo. Ila wewe ndiye useme. Mimi magoti hayanipeleki, na uso sina."

Basi ndo nimekuja. Nimepita kwa mtendaji, nimepita kwa mwenyekiti, nimepita kwa mjomba, maana huku kwetu bila mjomba huna ulichofanya. Baada ya swala ya Isha tukafunga shuka kwenye ukuta wa banda la korosho, jenereta likawekwa mbali lisipige kelele. Watoto walikaa mbele chini, kina mama kwenye mikeka, wazee kwenye viti vya plastiki. Waliomjua mama mkubwa na waliolala Kota utotoni mwao walikuwa wengi kuliko nilivyotegemea. Kila ukumbi wa Kota ukionekana, mtu anapiga kelele, "Hapo! Hapo nilikula chai mimi!"

Kikafika kile kipande anachosema, "Nilihama 2012, nikaenda Mbagala chumba kimoja." Nilikuwa nimesimama pembeni, siangalii shuka, naangalia nyuso. Nilikuwa nasubiri mshangao, minong'ono, lolote. Hakuna aliyeshtuka hata mmoja.

Filamu ilipoisha mjomba akasimama. Ni kaka yake mama mkubwa, mzee kweli sasa hivi, anatembea na fimbo. Akasema, "Tulijua."

Nikasema mh.

Akaeleza. Mwaka ule ule 2012 kijana mmoja wa hapa alipeleka mtoto mgonjwa Muhimbili. Kama kawaida akafikia Kota usiku. Akakuta majani. Akalala kwenye baraza la hospitali na mtoto wake, siku nne, hakumpigia mama mkubwa simu, akarudi akasema. Wazee wakakaa. Wakakubaliana kwamba yule dada amenyamaza kwa sababu zake, na asiulizwe. Mgonjwa akienda Dar atafutiwe pengine pa kufikia. Na asitokee mtu akaomba kulala kwake, asije akalazimika kusema. "Akituambia yupo nyumbani, tunamwambia salimia nyumbani," mjomba akasema. "Tulimsitiri."

Wadau, nilikaa chini pale pale kwenye mchanga. Miaka kumi! Yeye Dar anatoa udhuru, wao Rutamba wanapokea udhuru, na pande zote mbili kila mtu anashikilia shuka upande wake ili mwenzake asionekane.

Halafu bibi mmoja akaniuliza, kwa upole tu, "Mbona hamna mahali alipoumia? Huyu namjua, lazima aliumia." Nikashindwa kumjibu. Fleshi ilikuwa mfukoni, na kile kipande kimo ndani yake, kwenye faili lingine. Nikasema, "Alisema tukiache." Bibi akatikisa kichwa. "Basi amefanya vizuri." Nikaona kumbe ameshakiona bila kukiona.

Ilipofika saa tano hakuna aliyeondoka. Wazee wakaanza ya kwao. Mzee mmoja akasema Rutamba yenyewe ni mji wa waliohamishwa. Vita vya Msumbiji vilipoanza 1964, wakimbizi walivuka Ruvuma, na Rutamba ikawa moja ya makazi waliyopangiwa. Alikuwa kijana, akacheza nao mpira, akaoa kwao. Msumbiji ikapata uhuru 1975 wakaanza kurudi, na kuna nyumba alizoziona zikibaki na milango wazi. Na katika miaka hiyo hiyo ya sabini Operesheni Vijiji ikawakuta wenyeji nao. Toka kwenye shamba la babu yako, njoo ukae kwenye mstari. Kuna waliopata shule na zahanati, na kuna walioacha mikorosho ikibeba shambani. "Sisi hakuna aliyetupiga picha," akasema. Hakusema kwa kulalamika. Alikuwa anaagiza.

Mjomba naye akatoa lake. Miaka ya 1990 alikuwa akivua Lindi. Wakati huo kulikuwa na mradi wa Wafini huku Lindi na Mtwara, ulikuwa unaitwa RIPS, na kikundi cha video kinaitwa Maneno Mengi. Hilo jina liliwachekesha watu wote. Wavuvi walisimama mbele ya kamera wakasema wenyewe habari za baruti, nani anaua matumbawe na nani anamlinda, na video ikaonyeshwa vijijini na kwa wakubwa. Mwishoni mwa miaka hiyo serikali ikaingia kwa nguvu, baruti ikapungua. Baadaye ikarudi. Mjomba akasema, "Video haikumaliza baruti. Ila ile siku nilimwona mvuvi mwenzangu kwenye televisheni, anasema ninayoyasema mimi, nikajua sipo peke yangu."

Na kijana mmoja ambaye ndugu zake ni wa Likong'o, pale pwani ya Lindi palipotengwa kwa mtambo mkubwa wa gesi, akauliza swali la maana kuliko yote. Wale walilipwa fidia 2020 wakapisha. Akasema, "Nyie Kota mlipiga picha baada ya kuvunjwa. Je mtu akipiga kabla?" Yaani aende leo na simu yake, ahesabu mikorosho, aonyeshe kaburi la babu, kisima, mpaka, na mzee mwenye shamba aseme kwa mdomo wake huu mti niliupanda mwaka gani. Siku ya tathmini ikifika, usibishane kwa kumbukumbu. Mkiwa na simu wadau, na mna wazazi kwenye maeneo yenye tetesi, hilo la yule kijana lichukueni. Halihitaji steringi.

Usiku ule ule nikapanda mahali penye mtandao nikampigia mama mkubwa. Nikamwambia walikuwa wanajua.

Kimya.

"Tangu lini?"

"2012."

Kimya tena, nikadhani simu imekatika. Kisha akauliza, "Na sukari yangu wakawa wanapokea?"

"Wakawa wanapokea."

Akacheka. Alicheka mpaka akakohoa, akawa anarudia "wakapokea, wakapokea," na mwisho sikujua kama bado anacheka.

Nami nikaona ndio wakati. Nikamwambia kile kipande cha uwanjani sijakifuta. Ninacho miaka yote hii. Hapo hakucheka. Nilisikia mwendokasi ukipita chini ya dirisha lake. Kisha akasema, "Usimwonyeshe mtu. Ukirudi njoo nacho. Tutafunga mlango tukiangalie wawili, halafu nitakwambia."

Kesho asubuhi vijana watatu wa hapa wananisubiri, wana simu moja yenye kamera nzuri na nyingine yenye kioo kilichopasuka. Tunakwenda kwa yule mzee aliyecheza mpira na wakimbizi. Masharti matatu nimeshawaambia, wakakubali haraka haraka kama tulivyokubali sisi.

Jumamosi narudi Dar, fleshi ninayo mfukoni. Niambieni wadau, kama kipande kile ni cha mama yako, na steringi yule kakupigia simu tena juzi, ungefanyaje?